Maswali na majibu: Nani anayeumwa, mwili au akili?

Mwezi huu sanduku langu limejaa maswali kuhusu Zama za Mwangaza, yale mabishano ya Ulaya ya karne ya 17 na 18 tunayoyahesabu kuanzia kwa Mfaransa Descartes hadi kwa Mjerumani Kant. Sababu ninaijua. Kuna picha inazunguka kwenye makundi ya simu, wanafalsafa wamepangwa kama timu ya mpira, kila mmoja kabandikwa kauli kifuani, na baadhi ya kauli hizo si zao. Nimechagua maswali yaliyonivutia. Aliyeuliza kama falsafa inalipa: hailipi.

*Mwalimu, shikamoo. "Nafikiri, kwa hiyo nipo" si maana yake ukiwa na fikra chanya utafanikiwa? Mhamasishaji mmoja alitufundisha hivyo.* (Mwanachuo, Morogoro)

Marahaba. Hapana, sivyo kabisa. Hili ni la nne mwaka huu na ninaomba liwe la mwisho.

Descartes hakuwa akimhamasisha mtu. Alikuwa akitafuta jambo moja ambalo hata mdanganyifu mwenye nguvu zote asingeweza kumhadaa nalo. Macho hudanganya. Ndoto hudanganya. Hata hesabu ya mbili na tatu, tuseme kuna anayekuvurugia kila ukijumlisha. Kinabaki nini? Kinabaki kwamba anayedanganywa sharti awepo. Ndiyo hayo tu. Ukifikiri upuuzi mtupu, bado upo. Mhamasishaji wenu ni ushahidi.

Kauli yenyewe aliitoa kwa Kifaransa mwaka 1637, na kwa Kilatini mwaka 1644. Katika tafakuri zake maarufu za 1641 haimo kwa maneno hayo. Na kabla hujaniambia kwamba swali la nafsi lilizaliwa Ufaransa, kamtafute Ibn Sina, aliyefariki mwaka 1037. Yeye alituomba tumwaze mtu aliyeumbwa ghafla akielea hewani, haoni kitu, hagusi kitu, hata vidole vyake havigusani, na bado mtu huyo anajua kwamba yupo. Simtuhumu Descartes kwa wizi. Ninasema tu kwamba njia ilikuwa na nyayo.

*Eti Descartes alisema roho inakaa kwenye tezi? Tezi gani?* (Msomaji, Nakuru)

Tezi ya pineali, kadude kadogo kama punje, katikati ya ubongo. Aliichagua kwa sababu sehemu nyingine za ubongo aliziona ziko mbilimbili, kama macho na masikio, ilhali fikra hutujia ikiwa moja. Hakusema roho imepanga humo kama mpangaji chumbani. Alisema imeungana na mwili mzima, ila kazi zake inazifanyia hapo zaidi kuliko kwingine.

Anatomia yake ilikuwa mbovu, lakini aliyembana hasa hakuwa mpasuaji wa maiti. Alikuwa Elisabeth, binti wa mfalme wa Bohemia aliyepoteza kiti, akiishi uhamishoni The Hague. Mei 1643, akiwa na miaka 24, alimwandikia hivi kwa ufupi: kitu hakisogei bila kusukumwa, na kisukumacho sharti kiguse; wewe umesema roho haina umbo wala haichukui nafasi; sasa inausogezaje mwili? Descartes akajibu kwa kuzunguka mbuyu. Dada akarudi tena mwezi uliofuata: kwake ni rahisi zaidi kuipa roho umbo kuliko kukubali kwamba kisicho mwili kinaweza kuusukuma mwili. Mwishowe bwana mkubwa akamshauri kwamba muungano wa roho na mwili hueleweka vizuri zaidi kwa kuishi na kuzungumza na watu kuliko kwa kutafakari. Kwa lugha ya kijiweni: acha maswali, njoo tunywe kahawa.

Mwaka 1645 Elisabeth akashikwa na homa isiyoisha na kikohozi kikavu. Descartes akamwandikia kwamba homa ya namna hiyo mara nyingi huletwa na huzuni. Mtu aliyevitenganisha viwili hivyo kitabuni akaviunganisha mwenyewe kando ya kitanda cha mgonjwa. Barua za Descartes zilichapishwa muda mfupi baada ya kifo chake cha 1650. Za Elisabeth zilisubiri hadi 1879. Kwa zaidi ya miaka mia mbili Ulaya ilisoma majibu bila kusoma maswali. Likumbuke hilo, linarudi chini.

*Je, Voltaire ndiye aliyesema "sikubaliani na usemayo lakini nitatetea hadi kufa haki yako ya kuyasema"?* (Wasomaji watatu tofauti, wote kwa picha ileile)

Hapana, ni maneno ya mwandishi Mwingereza, Evelyn Beatrice Hall, katika kitabu cha 1906, alipokuwa akieleza msimamo wa Voltaire kwa lugha yake mwenyewe.

*Nimesikia Wajerumani wamelipa barabara ya Berlin jina la mwanafalsafa Mwafrika. Alikuwa nani, na kwa nini shuleni hatukufundishwa?* (Mwalimu wa sekondari, Tanga)

Anton Wilhelm Amo. Barabara ile ilikuwa ikiitwa kwa neno la zamani la dharau kwa watu weusi, na jina jipya limeanza kutumika mwaka 2025, baada ya miaka mitano ya kuvutana hadi mahakamani.

Maisha yake mnayapenda, basi niyaseme upesi. Alizaliwa karibu mwaka 1703 Axim, pwani ya Ghana ya leo. Alichukuliwa akiwa mtoto mdogo na kampuni ya Waholanzi, akapelekwa Amsterdam, akatolewa kama zawadi kwa mtawala wa Wolfenbüttel, Ujerumani. Zawadi, kama saa ya ukutani. Akabatizwa, akasomeshwa, akaingia Chuo Kikuu cha Halle mwaka 1727. Mwaka 1729 alitetea hoja kuhusu haki za watu weusi katika Ulaya. Andiko hilo limepotea. Akafundisha Halle na Jena, akachapisha kitabu kikubwa cha mbinu za kufalsafa mwaka 1738, na karibu mwaka 1747 akarudi Axim. Daktari wa meli aliyemkuta huko mwaka 1753 aliandika kwamba baba na dada yake walikuwa hai, safari ya siku nne kutoka pwani, na kwamba ndugu yake alikuwa mtumwa Suriname. Familia moja, mwana mmoja profesa na mwingine mtumwa.

Sasa ugomvi wangu. Ninyi mnaotuma picha yake kila Februari, mwezi wa historia ya watu weusi, ni nani kati yenu anayeweza kuniambia alisema nini? Mnamsifia rangi, hoja hamuigusi. Hume, mwanafalsafa Mskoti, naye, kama mtakavyoona chini, aliishia kwenye rangi. Tofauti ni kwamba yeye alidharau na ninyi mnashangilia.

Hoja yake ni hii, nayo ilitetewa Wittenberg mwaka 1734, kwa Kilatini. Akili ya binadamu haihisi. Kuhisi ni kupokea: kitu kinakugusa, nawe unaguswa. Ili uguswe, lazima uwe na sehemu za kugusika. Akili haina sehemu, ni kitu cha kutenda tu, kwa hiyo haipokei mguso. Kinachohisi ni mwili ulio hai. Kisha anaitembeza hoja kama mtu anayeshuka ngazi: kinachohisi kinaishi, kinachoishi hutegemea chakula, kinachokula hukua, na chenye kukua mwishowe huvunjika kikarudi kwenye vilivyokiunda. Akili, kwa imani yake, haiko hivyo. Basi maumivu, njaa, baridi na joto, yote hayo ni mali ya mwili. Akili inayajua, lakini haiumwi.

Na anambana nani? Descartes. Ananukuu barua yake kwa Elisabeth, pale alipokiri kwamba roho ikiungana na mwili inaweza kutenda na pia kutendwa pamoja nao. Amo anasema: hapo umejipinga, umeipa roho kazi ya mwili. Kumbuka barua za Elisabeth zilikuwa bado hazijachapishwa. Mtu wa Axim alikuwa na nusu moja tu ya mazungumzo, na akaweka kidole palepale Elisabeth alipokuwa amekiweka miaka 91 kabla.

Je, alikuwa sahihi? Mimi ninaona hapana. Ukiiondolea akili maumivu yote, unabaki na kitu safi mno, kama hakimu asiyewahi kulala njaa. Lakini hayo ni mabishano ya kumheshimu mtu. Nkrumah naye alimtaja mwaka 1964, akimtumia dhidi ya wanaosema kila kitu ni fikra tu, na ninaona alimvuta kuelekea anakotaka yeye. Shuleni hamkufundishwa kwa sababu mtaala wetu umeigawa dunia kati ya wanaofikiri na wanaofikiriwa. Wewe ni mwalimu, Tanga. Una ubao na chaki.

*Hume na Kant walikuwa wabaguzi wa rangi. Kwa nini tusiwatupe wote jalalani?* (Mwanasheria, Nairobi)

Walikuwa, na si kwa kunong'ona. Mwaka 1753 Hume aliongeza tanbihi kwenye insha yake ya tabia za mataifa: kwamba anashuku watu weusi kwa asili wako chini ya weupe, na kwamba Mjamaika mmoja aliyesifiwa kwa elimu huenda ni kama kasuku anayetamka maneno machache. Mwaka 1764 Kant alisimulia jibu la seremala mweusi, akakiri kwamba huenda lina jambo la kufikiriwa, kisha akalifuta kwa kusema mtu huyo alikuwa mweusi kutoka kichwani hadi miguuni, uthibitisho tosha kwamba alichosema ni upumbavu.

Mimi siwatupi. Ninawatumia kama kesi, na wewe mwanasheria utanielewa. Hume ndiye aliyetufundisha tusivuke mipaka ya ushahidi. Siku aliyoandika tanbihi ile, vitabu vya Amo vilikuwa vimechapishwa, na Amo mwenyewe yu hai. Hakutafuta. Mskoti mwenzake, James Beattie, alimjibu mwaka 1770 kwamba dai la namna hiyo linahitaji ujuzi wa watu ambao Hume hajawahi kukaa nao. Kant naye, miaka 20 baada ya seremala wake, akatuambia tuthubutu kutumia akili zetu wenyewe. Seremala alikuwa amethubutu. Ukiwatupa jalalani, utapoteza nafasi ya kuwahukumu kwa sheria walizotunga wenyewe, na hiyo ndiyo hukumu wasiyoweza kuikatia rufaa.

*Rousseau ndiye aliyebuni "mshenzi mwema"?* (Msomaji, Bujumbura)

Hapana, msemo huo wa mtu wa porini asiyeharibiwa na ustaarabu ni wa Kiingereza, umo katika mchezo wa kuigiza wa Dryden wa miaka ya 1670. Rousseau aliandika mengi kuhusu kulea watoto, ila watano wake aliwapeleka kwenye kituo cha watoto wanaotupwa.

*John Locke alisema mtoto ni karatasi nyeupe. Kwa hiyo mtoto akifeli, mwalimu ndiye mkosaji?* (Mzazi, Dodoma)

Naona mnataka wa kumlaumu na mmemkodi Mwingereza wa karne ya 17 awe shahidi. Locke alisema hatuzaliwi na mawazo tayari kichwani; yote huingia kwa hisi na kwa akili kujiangalia yenyewe. Hakusema hatuzaliwi na vipaji au hulka. Kitabu chake kuhusu malezi, cha 1693, kinasema tisa kwa kumi ya watu wako walivyo kwa sababu ya malezi, lakini kinasema pia kila mtoto ana tabia yake ya kuzaliwa, na mlezi aisome kwanza.

Usichoniuliza: Locke alikuwa daktari na alipinga fimbo. Aliiruhusu kwa ukaidi wa makusudi tu, na akaonya kwamba adhabu za kitumwa huzaa tabia ya kitumwa. Hilo ni la 1693, nasi bado tunabishana kuhusu viboko. Ila usimtundike ukutani pia. Mtu huyu wa hisi alikuwa na hisa, tena katika Royal African Company, kampuni iliyouza watu.

*Bibi yangu ana mtoto wa jicho, hajaona kwa miaka mingi. Akifanyiwa upasuaji, atatutambua sisi wajukuu aliotushika tu?* (Mjukuu, Lindi)

Swali zuri kuliko yote mwezi huu, na linanifurahisha zaidi kwa kuwa hukujua kwamba ni la kifalsafa. William Molyneux wa Dublin, ambaye mkewe alipofuka muda mfupi baada ya harusi, alimuuliza Locke: mtu aliyezaliwa kipofu, anayejua kwa mikono tofauti ya mpira na mchemraba, akianza kuona leo, atavijua kwa macho bila kugusa? Locke alilichapisha mwaka 1694, na wote wawili walijibu: hapana.

Mwaka 1728 mpasuaji wa London, William Cheselden, alieleza habari za mvulana wa miaka kama 13 aliyemtoa mtoto wa jicho. Kijana alidhani kila anachokiona kinamgusa jicho. Alikuwa akisahau yupi paka na yupi mbwa, akaona haya kuuliza tena. Basi akamkamata paka, akampapasa huku akimkazia macho, kisha akamwambia kwamba sasa siku nyingine atamjua. Mwaka 2011 watafiti waliopima watoto waliofunguliwa macho India walikuta jambo hilohilo: mara tu baada ya upasuaji walishindwa kulinganisha walichogusa na walichoona, lakini baada ya siku chache tu wakaanza kuweza.

Bibi yako ni tofauti, kwa sababu aliwahi kuona. Anajua sura ya mtu ikoje. Itamlazimu tu azisikie sauti zenu kwanza, ajue huyu ni nani na yule ni nani, basi. Mpeleke kliniki ya macho, ni upasuaji mfupi. Na yeyote atakayewashauri kumtia maji ya majani jichoni, mfungeni mdomo. Nimeona jicho lililokuwa likitibika likaharibiwa kwa dawa ya kienyeji iliyotolewa kwa mapenzi yote.

*Nani alisema binadamu ni mashine? Na je, si kweli kwamba ubongo ni kompyuta?* (Fundi simu, Kariakoo)

La Mettrie, daktari wa Saint-Malo. Mwaka 1744, akiwa na jeshi vitani Freiburg, alishikwa na homa kali, akaona fikra zake zinavyoyumba kadiri mwili unavyoyumba. Akaanza kuuliza: kahawa inaichangamsha akili, afyuni inailaza, njaa inaitia ukali, hiyo akili isiyo mwili iko wapi? Kitabu kikatoka Leiden mwishoni mwa 1747 bila jina lake. Uholanzi nayo, iliyojulikana kwa kuvumilia kila kitabu, hiki ikashindwa kukivumilia, akakimbilia Berlin kwa Friedrich, mfalme wa Prussia. Akafa huko mwaka 1751 baada ya kula pai ya nyama kupita kiasi kwenye karamu ya balozi. Maadui zake walishangilia, ingawa ukiangalia vizuri tumbo lililomuua lilikuwa likimuunga mkono.

Kuhusu kompyuta, fundi, tahadhari. Descartes alifananisha mishipa ya fahamu na mabomba ya chemchemi kwenye bustani za wafalme. La Mettrie akasema mwili ni mashine inayojitia ufunguo yenyewe, maana saa ndizo zilizokuwa ajabu ya zama zake. Leo ni kompyuta. Kila zama huutazama ubongo na kuona humo chombo chake cha bei ghali zaidi. Wewe unayefungua simu kila siku unajua kwamba simu haiogopi kufunguliwa.

*Kuna bangili za sumaku zinazouzwa za kuvuta maradhi nje ya mwili. Zina msingi wowote katika falsafa?* (Msomaji, Mwanza)

Zina msingi, na msingi huo ulibomolewa mwaka 1784. Mesmer alikuwa akiwatibu Waparisi kwa nguvu aliyoiita sumaku ya viumbe. Mfalme akaunda tume. Ndani yake walikuwemo Mmarekani Benjamin Franklin na mkemia Lavoisier. Katika bustani ya Franklin, mti mmoja "ukatiwa nguvu" na mfuasi wa Mesmer, na mvulana wa miaka kama 12 akafungwa macho, akapelekwa mti hadi mti. Alizimia kwenye mti wa nne. Ulikuwa si wenyewe. Tume ikahitimisha kwamba kinachofanya kazi ni matarajio ya mgonjwa. Weka pesa yako mfukoni.

*Mwalimu, safu iliyopita ulisema "roho" ya Descartes lakini "akili" ya Amo, na wote waliandika neno la Kilatini mens. Huoni unatuchanganya?* (Mtafsiri, Zanzibar)

Umenikamata, ila nilifanya makusudi. Jaribu kuiandika hoja ya Amo kwa neno roho: "Roho ya binadamu haihisi." Kiswahili kinamkatalia kabla hajafungua mdomo, maana kwetu roho ndiyo inayouma. Tunasema roho inaniuma, roho inanisikitika, na tukifa tunakata roho. Nafsi nayo haifai: inasuta, inatamani, inajuta. Akili inapotea, inaruka, inavurugika, lakini sijasikia mtu yeyote, Pemba wala Lubumbashi, akisema akili inamuuma. Katika maneno yetu yote ya ndani, ndilo pekee lisilo na maumivu, na Amo alihitaji neno la namna hiyo.

Kasoro yake ninaijua. Akili kwetu ni kitu mtu alicho nacho au asicho nacho, wakati mens ya Amo ni kitu chenye kusimama chenyewe. Ningeitumia hivyo hivyo na kuweka tanbihi ukurasa wa kwanza. Na mhariri akisisitiza neno roho, muulize kama yake haijawahi kumuuma.